Bokoboko la siku tano, Makunduchi: uzoefu wangu

Nianze na bei, maana ndiyo inayoulizwa kwanza. Sinia la watu wanne ni shilingi elfu sitini, na chai ya maziwa haimo. Kwa bokoboko, yaani ngano iliyopondwa na nyama, ni ghali. Kwa mchana wa ziada linaokupa, mimi naona wametuonea huruma.

Chakula chenyewe, hili bokoboko la siku tano, hupikwa mara moja tu kwa mwaka, nyumba moja tu, wakati wa Mwaka Kogwa, sherehe ya mwaka mpya wa Nairuzi kule Makunduchi, kusini mwa Unguja, mwezi wa Julai. Ukitaka kuelewa kwa nini kinafanya kinavyofanya, lazima ujue kidogo hesabu ya mwaka wa Nairuzi. Kalenda ya Kiislamu hufuata mwezi, ina siku 354 au 355, kwa hiyo Ramadhani huzunguka misimu yote na haimwambii mkulima lini apande wala mvuvi lini kusi itaanza. Wazee wa pwani wakawa na hesabu nyingine ya jua, miongo 36, kila mwongo siku 10. Jumla 360. Kufika 365 za mwaka wa jua zinabaki siku 5, ambazo hazimo katika mwongo wowote. Wapishi wa nyumba hii wanasema siku hizo hazitupwi. Wanazitia sufuriani.

Vipi zinatiwa, hawasemi, na niliyeruhusiwa kusogea jikoni niliona mambo ya kawaida tu: ngano nzima iliyotwangwa na kupetwa, imelala majini usiku kucha, nyama ya ng'ombe na mifupa yake, mdalasini, hiliki, pilipili manga. Kuni chini ya mafiga. Nyama ikishalainika mifupa hutolewa, kisha wanawake wawili wanapokezana mwiko mrefu na kuponda, wanaponda mpaka usijue ipi nyama ipi ngano. Juu yake samli na vitunguu vilivyokaangwa vikawa vyekundu. Bi mkubwa anayesimamia hakai chini hata mara moja.

Malalamiko yangu makubwa ni ya kabla ya kula. Tulisubiri saa mbili nzima kwenye mkeka, na hizo zilikuwa saa za kawaida kabisa. Watu wengi, birika la kunawia moja.

Wenyeji siku ile huona mkosi kukosa mgeni, basi wanachanganya watu. Mimi na shemeji yangu tuliwekwa sinia moja na mzee mmoja kutoka Pemba na bwana mwingine ambaye nitamrudia. Kawa likafunuliwa. Tonge la kwanza ni bokoboko tu, tena chumvi ilikuwa imepungua. La pili hivyo hivyo. Baadaye kidogo adhana ya Adhuhuri ikaanza, na katikati ya takbira ya kwanza na ya pili nikamsikia muadhini akivuta pumzi, akimeza mate, akishusha mkono. Nikatafuna, nikameza, nikachota tena, na takbira ya pili bado haijaja. Yule mzee wa Pemba alinitazama akatabasamu: "Imeshakufika, mwanangu. Usiharakishe."

Kuhusu swala msihofu, huchelewi. Nilitia udhu, nikaswali, nikarudi, chai yangu bado inatoa mvuke.

Thamani ya pesa niliiona uwanjani. Wale waliowahi kwenda wanajua: wanaume wanapigana kwa migomba, kina mama wanapita wakiimba na nguo zao mpya, halafu kibanda cha makuti kinachomwa na watu waliomo ndani wanatoka mbio. Kwa macho ya kawaida ile vita ya migomba ni vurumai na vumbi. Safari hii nililiona kila pigo tangu linaponuiwa. Kijana wa fulana nyekundu alimnyanyulia mwenzake mgomba, na kabla haujashuka nilipata nafasi ya kukaa na uso wa yule mwenzake. Nikamwona anakumbuka jambo lao, anakasirika, anatahayari, na mwisho anacheka. Ndipo mgomba ukamfikia begani, maji yakaruka. Huwa tunaambiwa kwamba vita ile inamaliza chuki za mwaka, na wengi tunaitikia tu kwa adabu. Mimi nimeiona chuki ikimtoka mtu, nami sikuwa na haraka ya kutazama pengine.

Kibanda nacho. Siku zote kinakwisha kabla hujatoa simu mfukoni. Safari hii niliona moto ukipanda kuti kwa kuti. Na nyimbo za kina mama! Vijembe vyote nilivipata, hata vile vinavyosemwa haraka makusudi ili mlengwa asidake. Kuna mume mmoja kule Makunduchi sitaweza kumtazama tena usoni.

Sasa ubaya wake. Chakula hiki hakichagui muda wa kurefusha. Yule bwana wa nne alikuwa na kesi ya mpaka wa shamba la ndugu yake, na alianza kuieleza tukiwa bado siniani, chakula kimeshatukolea. Kwa saa ya ukutani alizungumza kama dakika kumi. Kwangu mimi nimelijua shamba lile mnazi kwa mnazi, hata usiozaa, nimewajua mashahidi na baba zao. Kwa hiyo ukienda, nenda na watu wako, jazeni sinia wenyewe. Na foleni ya choo, imalize kabla hujanawa mikono. Hilo nasema kwa uchungu.

Simu usiitazame. Ile saa inakwenda kivyake na macho yanakwenda kivyao, kizunguzungu chake si cha mchezo.

Jambo la pili ni ukoko. Chakula cha juu hurefusha muda, ukoko wa chini hufupisha. Hakuna aliyetueleza mapema, na hapo huduma yao naitoa maksi. Shemeji yangu ni mtu wa ukoko, wa wali, wa ugali, wa chochote. Akauomba. Bi mkubwa akamwambia taratibu: "Huo, mwanangu, tunawawekea wafiwa. Zile siku za mwanzo zisiwe ndefu." Shemeji akadhani anafanyiwa mzaha, akamega kipande, akala. Nyuma yake nilimwona binti mmoja akifunga kipande kikubwa zaidi kwenye jani la mgomba, akatoka nacho kwenda nyumba ya pili. Sikuuliza.

Basi shemeji Mwaka wake uliishia pale. Alitembea nasi, alipiga makofi, alinunua hata miwa, picha zipo. Lakini alipojitambua tulikuwa ndani ya daladala tunaingia Kitogani, akaniuliza kama kibanda kitachomwa saa ngapi. Mpaka leo ananidai nimsimulie.

Athari inakwisha jua likizama, ambapo siku yetu ndipo inapogeuka na usiku unaoingia ni wa kesho. Mimi iliniishia baada ya msitu wa Jozani. Matuta yale ya barabarani yaliyowekwa kuwanusuru kima punju tuliyapanda moja moja kama vilima, nikiwa na nafasi ya kutosha kuwatazama kima wenyewe wakipanda miti kulala, kisha ghafla tukawa Tunguu na kondakta anadai nauli.

Kwa jumla naipa nyota nne. Moja nimeizuia kwa ajili ya chumvi, zile saa mbili za kusubiri, na kutotuonya habari ya ukoko. Wanaofaa kwenda ni wazee waliotembelewa na watoto kutoka Uarabuni au Ulaya kwa likizo fupi, wachumba wanaoaga, na mwenye mtoto mdogo anayekua mbio. Mwenye jino bovu angoje litibiwe kwanza. Oda zinapokelewa kabla ngano haijalowekwa, si baada yake. Ukichelewa unapewa pilau, ni nzuri, ina nyama ya kutosha, na inaliwa kwa saa za kila siku.