Mji wa bandari usio na upepo: uzoefu wangu na mchezo wa mezani

Nimekaa na hili wiki mbili tatu hivi nikasema litaisha lenyewe, haliishi, ngoja niandike.

Kuna sehemu hapa Dar, upande wa Mikocheni, jina silitaji, wanachezesha ile michezo ya mezani ya kuigiza. Mnakaa watu watano sita, mmoja anasimulia, nyie wengine kila mtu na mhusika wake. Sheria na mambo ya dadu mtajisomea wenyewe. Mimi kilichonivuta ni tangazo lao, kwamba safari hii mji ni wa bandari, wa kufikirika kabisa ila umeshonwa kwa mambo ya mwambao wetu, siyo yale makasri ya kwenye theluji ya kila siku. Aisee nilifurahi. Nikatoa elfu ishirini na tano yangu, nikavuka na pantoni mapema toka Kigamboni nisije nikachelewa.

Na kiukweli meza ilikuwa nzuri, hilo sitawanyima. Ramani imechorwa kwa mkono kwenye kitambaa cha marekani, nyumba za mawe, baraza mbele, milango ya nakshi, pale forodhani boriti zimepangwa. Halafu kuna vyombo vidogo vya mbao, urefu kama wa kidole. Nikashika kimoja nikakisogeza machoni: hakuna msumari hata mmoja, mbao zimeshonwa kwa uzi, tundu kwa tundu, na tanga lake ni kipande cha mkeka kimekatwa mraba. Huo ni mtepe! Vyombo vya zamani vya pwani hii vilivyokuwa vinashonwa kwa kamba za makumbi. Nikajua hapa kuna mtu anayeelewa anachofanya.

Nikachagua kuwa nahodha. Sasa msimulizi, kijana tu, anaanza: kusi, yaani upepo wa toka kusini, limeshika, na vyombo vinaingia bandarini toka kaskazini, matanga yamejaa, jioni ileile vinapakua vinageuza kurudi. Nikamwambia kwa heshima kabisa, kaka samahani, kama ni kusi basi chombo hakishuki toka kaskazini, sisi ndiyo tungekuwa tunapakia tuondoke, au tunangoja lilegee kwanza. Akacheka. Akasema, namnukuu, "wewe mzee wa Kilwa, hii ni fantasia, upepo unavuma ninavyotaka mimi, ukitaka historia nenda makumbusho pale Shaaban Robert." Meza nzima kicheko. Zamu yangu akairuka, ikaja tena akairuka, nilipouliza akasema nahodha wako kachukuliwa na wimbi. Basi. Nimekaa saa nzima na nusu naangalia wenzangu wanacheza kwa hela yangu.

Mnisikilize vizuri. Najua ni mji wa kufikirika. Weka majini, weka mnara unaotembea, weka samaki anayetoa hukumu, sina neno na nitakuwa wa kwanza kushangilia. Lakini huwezi kutuambia mji ni wa mwambao halafu ukaufanyia upepo mchezo, kwa sababu upepo ndiyo uliojenga huo mji. Kaskazi linaanza kama Desemba mpaka Machi, linaleta vyombo toka Arabuni na India. Likiisha ni maleleji, kipindi upepo unabadilika, halafu kusi linakuja kuvirudisha. Kwa hiyo mgeni akishafika hana pa kwenda, anakaa miezi! Anapanga chumba, anakopa, anaoa, anajifunza lugha, watoto wanazaliwa. Kwa nini Kilwa ilitajirika kwa dhahabu ya Sofala, huko kusini Msumbiji? Kwa sababu chombo cha kutoka kaskazini kiliweza kufika Kilwa na kurudi ndani ya msimu mmoja, ukipitiliza kusini zaidi hatari ya kukwama inaongezeka. Yule msafiri Ibn Battuta alifika Kilwa mwaka 1331 na yeye alibebwa na pepo hizohizo. Zile baraza zilizochorwa pale mezani unadhani ni za nini? Ni za kumpokea mtu na kuongea naye biashara bila kumwingiza ndani kwa wake zako. Mji ambao chombo kinaingia asubuhi kinatoka jioni hauwezi kuwa na baraza, ni stendi ya mabasi hiyo.

Na lile neno "mzee wa Kilwa" kalisema kama tusi. Babu yangu mzaa mama ni wa Kilwa Kivinje, amekula ubaharia kwenye majahazi ya boriti za mikoko toka Rufiji. Alfajiri alikuwa anafungua mlango, anasimama kageuza shavu baharini, kimya, hakuna wa kumsalimia mpaka amalize. Akishajua upepo ndiyo anaitikia shikamoo zetu. Sasa mtu akunyanyase kwa hilo.

Nilikuwa nimepanga kuwapa nyota moja. Tena hiyo moja ni ya vile vyombo.

Lakini wakati natoka dada mmoja akanifuata mpaka nje getini, kumbe ndiye aliyeshona ile mitepe, na ramani ni yake. Akaniambia kaka pole, hata mimi nilimwambia. Akafungua begi akatoa kibao cha duara cha mbao, kimegawanywa kaskazi, maleleji, kusi, na mshale katikati wa kuzungusha. Alikitengeneza kwa ajili ya mji huohuo! Msimulizi alikikataa eti kinachelewesha mchezo. Nilikishika pale kwenye taa ya getini, nikazungusha mshale, nikakosa la kusema.

Kwa hiyo sijui niwape ngapi. Mji wenyewe, alivyoufikiria yule dada, ni nyota tano na sijawahi kuona mfano wake hapa mjini. Siku akisimulia yeye nitalipa hata mara mbili, na nyie nendeni. Akiwepo yule kijana msiende. Na kama anasoma hapa, hela sidai, nataka aniombe radhi kwa lile neno, na kile kibao akitoe kwenye begi akiweke mezani.