Churchill War Rooms, London: lipia Chumba cha Ramani na kile kichumba cha simu

Nyota nne kati ya tano. Churchill War Rooms ni ofisi za chini ya ardhi ambamo serikali ya Uingereza iliendeshea sehemu ya Vita vya Pili vya Dunia. Ziko chini ya jengo ambalo leo ni la Wizara ya Fedha, jirani na bustani ya St James's Park, na zinasimamiwa na Imperial War Museums. Wageni wengi huja kumtafuta Churchill wa picha: sigara, kofia, ile sauti ya redioni. Hao hutoka wameridhika. Lakini anayetaka kuelewa jinsi waziri mkuu mmoja alivyoshikamana na Rais Roosevelt wa Marekani na Stalin wa Urusi kwa miaka minne, huku wakivutana karibu kila mwezi, ajipange vingine. Vitu vinavyojibu swali lake ni vichache na vidogo, na vingine viko mahali ambapo umati hupita mbio.

Kwanza mambo ya mlangoni. Tiketi ya mtu mzima imeshavuka pauni 30, watoto walio chini ya miaka 5 hawalipi. Nunua mtandaoni na uchague saa ya kuingia. Kawaida hufunguliwa saa 3:30 asubuhi na kufungwa saa 12 jioni, na isipokuwa una shida ya ndege au treni, chukua ile nafasi ya kwanza kabisa. Korido za humu ni nyembamba, zilijengwa kwa ajili ya makarani. Kufika saa 5 asubuhi vikundi vya shule na watalii vimejaa, na kwa kuwa kila mtu ana kifaa cha kusikilizia maelezo (kimo ndani ya bei), watu kumi husimama mbele ya kioo kimoja wakisubiri sauti imalize. Ukikuta msongamano wa hivyo, soma maandishi ya ukutani, songa mbele, na maelezo ya chumba hicho uyasikilize ukiwa umesimama pembeni. Usije na sanduku la safari kutoka uwanja wa ndege: mabegi makubwa hayaingii na hakuna pa kuyaacha. Treni ya chini ya ardhi ikushushe Westminster au St James's Park.

Mlango uko Clive Steps, mwisho wa King Charles Street, chini ya sanamu ya Robert Clive, yule wa Kampuni ya Mashariki ya India aliyeitwaa Bengal. Umekuja kuona makao ya vita vya kuokoa uhuru wa mataifa, na anayekupokea ni bwana huyo.

Vyumba hivi vilianza kazi tarehe 27 Agosti 1939, wiki moja kabla Uingereza haijatangaza vita, na vikazimwa taa Agosti 1945. Havikuchimbwa kama handaki la kweli. Ni ghorofa ya chini ya jengo la kawaida iliyoimarishwa kwa mbao na vyuma, kisha kuanzia mwishoni mwa 1940 ikamwagiwa juu yake zege lenye vyuma, hadi unene wa mita 1.5. Hata hivyo bomu kubwa lililolenga sawasawa lingeweza kupita. Kinga kubwa ilikuwa siri: Wajerumani hawakujua pako wapi.

Chumba cha Baraza la Vita ndicho cha kwanza kikubwa utakachokikuta. Kimepangwa kama kilivyokuwa tarehe 15 Oktoba 1940, saa ya ukutani inaonyesha dakika mbili kabla ya saa 11 jioni, siku moja baada ya bomu kuharibu sehemu ya namba 10 Downing Street, makao ya waziri mkuu. Kiti cha Churchill ni cha mbao, kiko mbele ya ramani ya dunia, na pembeni yake kuna ndoo nyekundu ya zimamoto ambamo alitupia vipande vya sigara. Tazama mpangilio wa meza. Wakuu wa majeshi matatu walikaa katikati yake, uso kwa uso na waziri mkuu, kiasi kwamba hakuna aliyeweza kujificha nyuma ya mwenzake. Churchill alipoingia madarakani Mei 1940 alijipa pia uwaziri wa ulinzi, na meza hii ndiyo maana yake: mwanasiasa na majenerali walikabiliana bila waziri mwingine wa kuwapoza. Mikono ya kiti ina mikwaruzo ya kucha na ya pete, ila kutoka upande wa kioo huwezi kuiona vizuri. Baraza lilikutana humu mara 115 tu katika vita vyote, zaidi wakati wa mashambulizi ya anga na baadaye ya makombora ya V1 na V2. Churchill hakupenda kukaa chini ya ardhi.

Sasa kile kichumba. Kiko kando ya korido, mlango wake una komeo la choo, lile linaloonyesha kama pana mtu au hapana, na wafanyakazi wengi waliamini kweli kwamba ni choo cha waziri mkuu. Zamani ilikuwa stoo ya mafagio. Humo ndimo Churchill alimozungumza na Roosevelt kwa simu. Watu hutazama sekunde kumi, wanacheka habari ya choo, wanaondoka. Kaa hapa. Mashine iliyoficha maongezi yao haikuweza kuingia humu hata kidogo. Iliitwa SIGSALY, ilikuwa na uzito wa tani 50 hivi na makabati yapatayo 40, hivyo ikafungwa chini ya jengo la duka la Selfridges, Oxford Street, na kuunganishwa na War Rooms kwa waya. Ilifanya kazi hivi: sauti ilikatwakatwa na kugeuzwa namba, namba zikachanganywa na kelele zilizorekodiwa kwenye santuri. Santuri hizo zilitengenezwa mbilimbili, moja ikakaa London na pacha wake Washington, na zilipaswa kuanza kuzunguka kwa wakati mmoja kabisa. Zikipishana hata kidogo, anayesikiliza anapata mchafuko mtupu. Zikitumika mara moja zinaharibiwa.

Kwa nini gharama yote hiyo? Kwa sababu mtambo wa awali ulikuwa unavuja. Wataalamu wa posta ya Ujerumani walijenga kituo Uholanzi na kuanzia 1942 walikuwa wakizinasa simu za Atlantiki na kuzifumbua. Tarehe 29 Julai 1943, siku nne baada ya Mussolini kuangushwa, walisikia Churchill na Roosevelt wakijadili Italia itakavyoacha vita. Upande wa Uingereza, mkaguzi alikaa kwenye laini akiwa na ruhusa ya kukata maongezi hata ya wakubwa hao wawili. Ukijua haya unaelewa kwa nini mambo mazito ya muungano hayakupitia simu. Yalipitia karatasi: viongozi hao waliandikiana ujumbe unaokaribia 2,000, kuanzia Septemba 1939, wakati Churchill alikuwa bado waziri wa jeshi la majini.

Makumbusho ya Churchill yako katikati ya njia, na hapo ndipo ziara nyingi zinapoharibika. Ni ukumbi mkubwa wenye vitu vingi, ukiwa na meza ya kidijitali ya urefu wa mita 15 inayofuata maisha yake mwaka kwa mwaka. Watu humalizia nguvu zao hapa, kisha wanapita Chumba cha Ramani wakiwa hoi. Isitoshe, mpangilio unachanganya: unaanza 1940 akiwa na miaka 65, unaendelea hadi kifo chake 1965, halafu unarudishwa utotoni. Asiyejua hudhani amepotea njia. Shauri letu ni dakika 30, si zaidi, na nyingi ya hizo ziwe kwenye ile meza. Mkenya afungue mwaka 1952, mwaka wa hali ya hatari nchini mwake, Churchill akiwa waziri mkuu kwa mara ya pili. Ile ovaroli ya Churchill ya mahameli nyekundu inapigwa picha sana. Inatosha kuipa jicho.

Chumba cha Ramani ndicho kinachostahili pesa yako. Maofisa wa nchi kavu, majini na anga walikaa humu mchana na usiku kwa miaka sita, na kila asubuhi waliandaa taarifa ya hali ya vita kwa mfalme, waziri mkuu na wakuu wa majeshi. Katikati kuna msururu wa simu za rangi mbalimbali ambazo ziliwaka taa badala ya kulia, ili watu waweze kufikiri. Ukutani kuna ramani ya Atlantiki iliyotobolewa na pini za misafara ya meli hadi karatasi imechoka. Simama karibu na kioo uangalie matundu: njia kati ya Amerika ya Kaskazini na Uingereza imetobolewa kiasi kwamba yameungana. Hapo ndipo utaona muungano ulivyokuwa hasa. Kabla ya hotuba na picha za pamoja, ulikuwa ni tani ngapi za ngano, mafuta na vifaru zimevuka, na meli ngapi nyambizi zimezamisha. Sheria ya Marekani ya kukopesha zana za vita ilipita Machi 1941, miezi tisa kabla Wamarekani hawajaingia vitani. Kazi ya Churchill kwa miezi yote ile ilikuwa kumshawishi Roosevelt kwamba Uingereza haitaanguka na kumwachia deni.

Katika chumba cha wakuu wa majeshi tafuta ramani ambayo mtu fulani aliyechoshwa na kikao alichorea kikatuni cha Hitler. Jikoni na vyumba vya kulala vipite tu.

Nyota tuliyoikata ni kwa sababu hii: mgeni anatoka akiamini kwamba muungano uliongozwa kutoka chini ya ardhi ya London. Si hivyo. Baada ya mkutano wa Washington wa Desemba 1941 na Januari 1942, kamati ya pamoja ya wakuu wa majeshi ya Uingereza na Marekani iliwekwa Washington, na Uingereza ikawakilishwa huko na Field Marshal John Dill. Dill alielewana na Jenerali Marshall, mkuu wa jeshi la nchi kavu la Marekani, kuliko Mwingereza mwingine yeyote, na mizozo mingi iliishia mezani kwao kabla haijawafikia wakubwa. Alipofariki Novemba 1944 Wamarekani walimzika Arlington, kwenye makaburi yao wenyewe ya kijeshi. Bila kumjua Dill, Churchill anaonekana mchawi. Na kadiri majeshi ya Marekani yalivyoongezeka, ndivyo neno la Churchill lilivyopungua uzito: alipinga kwa nguvu zote kutua kusini mwa Ufaransa, na tarehe 15 Agosti 1944 majeshi yakatua. Kwa Stalin ilimlazimu aende mwenyewe Moscow, Agosti 1942, kumwambia usoni kwamba mwaka ule hakutakuwa na uvamizi wa Ufaransa. Safari kama hizo, pamoja na mikutano ya Casablanca, Tehran na Yalta, ndizo zilizobeba uongozi wake wa muungano, na vyumba hivi haviwezi kukuonyesha.

Anayetoka Afrika Mashariki aje na ramani ya pili kichwani. Aprili 1942, baada ya ndege za Japani kushambulia Ceylon (leo Sri Lanka), kundi la manowari za Uingereza za Bahari ya Hindi lilihamishia kituo chake Kilindini. Wafumbua siri waliokuwa Colombo wakahamia Mombasa, wakafanyia kazi katika shule ya Allidina Visram, na humo wakaifungua lugha ya siri ya meli za biashara za Japani. Mwaka huohuo brigedi ya 22 ya Afrika Mashariki ilipelekwa Madagascar. Mwaka 1944 askari wa divisheni ya 11 ya Afrika Mashariki, wengi wao wa King's African Rifles (KAR), jeshi la kikoloni la Uingereza, walisukumana na Wajapani katika bonde la Kabaw, Burma, kwenye matope na malaria. Na lipo suala la Mkataba wa Atlantiki wa Agosti 1941, ambamo Churchill na Roosevelt waliahidi kuheshimu haki ya watu wote kuchagua serikali yao. Mwezi uliofuata Churchill aliliambia bunge kwamba kifungu hicho kililenga hasa mataifa ya Ulaya yaliyokaliwa na Wanazi. Roosevelt hakukiona hivyo. Ufa huo ndani ya muungano ulitugusa sisi kuliko mzozo wowote wa majenerali.

Jumla tenga saa mbili na nusu: dakika 15 Chumba cha Baraza, 15 kichumba cha simu, 30 makumbusho, 40 Chumba cha Ramani, zilizobaki ni za korido na foleni. Lifti ipo kwa asiyeweza ngazi. Familia yenye watoto wadogo ifikirie mara mbili, maana mtoto wa miaka saba ataona vioo na mabwana wa nta tu. Kama pesa ni ya mawazo, nenda Imperial War Museum ya Lambeth Road, ambayo ni bure na ina kumbi za Vita vya Pili zilizofunguliwa upya 2021. Mwenye nafasi ya yote aanze na Lambeth, kisha siku nyingine ashuke huku.