Nilikodi filamu ya kelele, nikaletewa kinanda

Sijawahi kuudhiwa na huduma ya kukodi filamu mtandaoni kama nilivyoudhiwa majuzi, nilipolipia Madamu to Nyōbō, komedi ya Kijapani ya 1931 iliyoongozwa na Heinosuke Gosho katika studio za Shochiku, nikakuta sauti yake yote imeondolewa na badala yake kumewekwa muziki wa kinanda mwanzo hadi mwisho.

Ingekuwa filamu nyingine ningevumilia. Hii ndiyo filamu ya kwanza ya Japani yenye sauti kamili iliyofanikiwa, na kisa chake chote kimesimama juu ya kelele. Mwandishi wa tamthilia anadaiwa kazi, lakini paka wanalia, mtoto analia, na nyumba ya pili bendi ya jazi inafanya mazoezi. Anakwenda kulalamika, mama mwenye nyumba, mwanamke wa kisasa aliyevaa kizungu, anamkaribisha ndani, na punde mlalamikaji huyo ameketi katikati ya bendi akiburudika. Mkewe, anayeigizwa na Kinuyo Tanaka akiwa ndani ya kimono, vazi la jadi la Kijapani, anaingiwa na wivu, naye anataka anunuliwe gauni la kizungu. Katika nakala niliyopewa, wapiga jazi wanatoka jasho, midomo inafunguka na kufumba, na kinanda kinaomboleza kama msibani, hata mtu asielewe huyu bwana analalamikia nini.

Nilipoandika kueleza kasoro hiyo, mhudumu alinijibu: “Ndugu mteja, filamu za miaka hiyo hazina sauti. Jielimishe kwanza kabla ya kulalamika.” Jibu hilo ndilo lililoniuma kuliko fedha. Hata filamu bubu za Japani hazikuwa zikionyeshwa kimya: wasimulizi walioitwa benshi walisimama kando ya pazia wakiwasemea wahusika, na ni filamu zenye sauti kama hii zilizokuja kuwanyima riziki. Anayeuza filamu angalau aijue bidhaa yake, na asipoijua, asimkaripie anayeijua.

Picha, lazima niseme, ni safi, na maandishi ya tafsiri yanasomeka vizuri, ndiyo maana nilikusudia kuwapa nyota tatu. Lakini kadiri ninavyoandika ndivyo ninavyoona kwamba picha safi ya jazi isiyosikika haifai hata nyota mbili. Nawapa moja. Filamu yenyewe msiiache, itafuteni kwingine, mahali ambapo bendi ile inasikika. Fedha zangu mpaka leo hawajazirudisha.