Vidonge vyeupe vya kabatini kwa sufu: nyota mbili, na moja ni ya huruma

Mimi nasokota na kufuma, sufu naitoa Molo kwa wafugaji wa kondoo wa Corriedale wakishanyoa, kwa hivyo nyumbani hazikosi gunia mbili tatu zinangoja oda. Mwaka jana mwenye duka akaniambia weka hivi vidonge, pakiti bob 50, nondo hawasogei. Nikamwaga pakiti tatu kwa gunia, nikafunga na kamba, nikasahau.

Jameni. Nafungua baada ya miezi minne, harufu inanitoa machozi na wadudu wako palepale wanastarehe. Ukivuta sufu inakatika mkononi, katikati kuna utando kama wa buibui na tuchembe kama mchanga, rangi ileile ya sufu, hayo ni mavi ya viwavi. Maana anayekula si yule nondo mdogo wa rangi ya dhahabu unayemkimbiza na slipa, huyo hata hali, ni watoto wake.

Kumbe shida ni gunia. Hivi vidonge ni vya nafthalini, nayo inaua kwa mvuke, na mvuke lazima ufungiwe, kwa ndoo yenye kifuniko cha kubana hivi. Gunia inapumua, basi ule mvuke wote tulikuwa tunauvuta sisi tuliolala chumba hicho. Kwa pakiti hakuna neno hata moja kuhusu hayo! Na vinafanana na peremende, mtoto wa jirani nilimpata ameshika kimoja, na mtoto akimeza, hasa mwenye upungufu wa G6PD (kile kimeng'enya kinacholinda chembe nyekundu za damu), damu yake inaweza kuharibika vibaya sana.

Hiyo nyota nyingine ni kwa sababu kwa ndoo iliyofungwa kweli inafanya kazi, nilijaribu. Lakini harufu haitoki, sweta ya kwanza mteja aliirudisha akisema inanuka choo cha hoteli.

Siku hizi wadudu nawaua kwa baridi, naenda kwa jamaa wa buchari, ana friza ya kufungulia juu, inafika nyuzi 18 chini ya sifuri (ile ya kioo ya kuonyesha nyama haifiki). Kwanza natoa ile sufu ya pembeni yenye mavi na jasho la kondoo, viwavi wanapenda chafu kuliko safi, halafu natia kwa nailoni, nakamua hewa, wiki mbili. Ukiitoa usifungue mpaka baridi iishe yote, la sivyo inashika maji. Namlipa na soksi, sasa ameanza kudai za bibi yake pia.