Fatima, Batalha, Nazaré na Óbidos siku moja na gari ya peke yenu: namna sisi tuliona

Tangu turudi kwetu Bukavu, Kivu, kutoka Ureno, kila siku ya Mungu nyuma ya misa batu bananiuliza ile safari ya Fatima, muji wa Ureno kwenye Bikira Maria alitokea batoto, ilikuwa namna gani, na kama kukodi gari ya peke yenu na gide wake, mwenye kuongoza batalii, inafaa ile feza yote. Naandika hapa basi, bote basome. Jibu langu: inafaa, nikipata feza hata kesho nalipa tena, lakini siwezi kuichukua vile ajansi ilipanga, juu miji ine kwa siku moja ni mingi, na Fatima ambayo njo ilitutoa kwetu njo inakatwa saa zake. Nyota ine juu ya tano, na karibu zote ni za yule gide.

Tulikuwa mimi, mama, shangazi na mudogo wangu anayeishi Bruxelles, ni yeye alitafuta yote kwa intaneti. Visa yetu ilikuwa ya kuja kumuona Ubelgiji, ni Schengen, na Ureno iko ndani ya Schengen, basi tulipanda ndege ya Lisbon bila kuomba karatasi ingine. Kitu cha kwanza mujue: gari ya peke yenu munalipa gari, si mutu. Mukiwa babili inauma, mukiwa batano ao sita munagawana na inakuwa ya kuvumilika. Cha pili, ombeni lugha mapema. Sisi tuliomba gide wa Kifaransa, balituletea muzee moja Mureno ambaye Kifaransa chake kilikuwa safi kabisa, ni yeye shofere ni yeye gide, na mimi nilikuwa natafsiria mama na shangazi kwa Kiswahili, nao banaongezea yao kwa Mashi, lugha ya Bashi ba kwetu. Alifika kwenye hoteli mbele ya saa, akashuka kufungulia mama mulango, akamuita "mama" tangu pale mpaka jioni. Hiyo kwetu ni kitu kikubwa.

Lisbon mpaka Fatima ni karibu kilometa 125, otoruti ya kulipia, saa moja na nusu hivi. Gide alitumia ile saa kueleza historia, na wale bamefika Kibeho, kule Rwanda, bataishika haraka sana juu inafanana. Kibeho ilianza mwaka 1981 na batoto ba shule, hapa ni batoto batatu bachungaji ba kondoo mwaka 1917, Lúcia alikuwa na miaka 10 na ndugu zake Francisco na Jacinta walikuwa badogo kumupita, Jacinta miaka 7 tu. Bikira Maria alibatokea tarehe 13 mwezi wa tano na akabaambia barudi kila tarehe 13 mpaka mwezi wa kumi. Mwezi wa nane chef wa serikali wa pale alibakamata akabafungia ili bakane, habakukana, na Mama Maria akabatokea tarehe 19. Na kitu aliomba tangu siku ya kwanza ni kusali rozari kila siku juu ya amani, juu vita iishe, ile vita kubwa ya kwanza ya dunia ilikuwa ingali inakula batu. Mama yangu aliposikia hiyo alinyamaza mpaka tukafika. Mutu wa Kivu hahitaji kuelezwa zaidi.

Sasa Fatima yenyewe. Kiwanja ni kikubwa sana, kweupe, na unaingia bure, hakuna tiketi ya kusali. Upande moja kuko basilika ya zamani ya Bikira Maria wa Rozari, munara wake wa metre 65, humo njo bamezika bote batatu: Francisco alikufa 1919, Jacinta 1920, na Lúcia ambaye alikuwa masista aliishi mpaka 2005. Papa Fransisko alibatangaza Francisco na Jacinta kuwa batakatifu palepale tarehe 13 mwezi wa tano 2017, miaka mia moja kamili. Upande wa pili kuko basilika mupya ya Utatu Mutakatifu, ilifunguliwa 2007, inakalisha batu zaidi ya 8,000. Lakini pahali pa kwenda kwanza ni ile shapeli ndogo kabisa iko katikati, Capelinha, pale njo batoto balisimama. Mwaka 1922 batu baliilipua na bomu, bakaijenga upya. Sanamu ya Mama Maria iko pale nje kidogo, unaikaribia, na batu banasali rozari kila mumoja kwa lugha yake. Mama na shangazi balijibu "Mtakatifu Maria, Mama wa Mungu" kwa Kiswahili kwa sauti, mwanamuke moja Mupolandi akageuka akabacheka vizuri, akaendelea na yake.

Kuko njia ya marbre laini inashuka mpaka kwenye shapeli, batu banaipita na magoti, bengine banabeba mutoto mugongoni. Mama alitaka kuipita. Mama yuko na miaka yake, na kwenye programu ya ajansi Fatima ilikuwa saa moja na nusu, ndani yake na kupita butiki ya masanamu na marozari inje ya sanktuari. Hapa njo pahali nilikasirika. Ile butiki tulipelekwa kabla ya kufika kwenye kusali, bei ziko juu, na baliandika kwenye mukataba "muda wa kujipatia ukumbusho" kama vile ni zawadi. Marozari unaipata hata ndani ya sanktuari yenyewe, na hakuna mutu anakusukuma. Nilimuambia gide kwa heshima kwamba sisi hatukutoka Bukavu juu ya butiki. Hakubishana. Alitoka akapiga simu, akarudi akasema: mama asali mpaka amalize, tutapunguza Óbidos. Pale njo nilielewa feza ya gari ya peke yenu inanunua nini. Basi ya kundi ingetuacha ao ingetukokota.

Mama alipita ile njia pole pole, mudogo wangu pembeni yake. Kisha tukaenda kuwasha mishumaa, pale ni moto mukubwa kabisa, nta inayeyuka na joto inakupiga uso, unaweka mushumaa na unatoka haraka. Shangazi aliweka moja juu ya Monseigneur Munzihirwa, askofu wetu mukubwa ambaye balimuua kwetu Bukavu tarehe 29 mwezi wa kumi 1996, na moja juu ya Monseigneur Kataliko, aliyemufuata. Gide aliuliza hao ni nani, tukamueleza, akavua kofia.

Kwenye sanktuari muombe pia kuona ile taji. Papa Yohane Paulo II balimupiga risasi Roma tarehe 13 mwezi wa tano 1981, siku ya Fatima yenyewe, na yeye aliamini Mama Maria njo alimuponesha, akatoa ile risasi na bakaiweka ndani ya taji ya sanamu. Sanamu inavaa ile taji paka siku kubwa, siku zingine iko kwenye maonyesho yao. Sisi tuliona sanamu bila taji, na kwenye maonyesho hatukupata nafasi. Vilevile Aljustrel, kijiji cha nyumba za wale batoto, iko karibu kabisa na Fatima, na kwenye programu haikuwako. Kwa mutu wa Lejio ya Maria, kundi la kusali la kanisa, hiyo ni kama kufika kwa mutu na kumusalimia mulangoni tu.

Batalha ni karibu kilometa 20 kutoka pale. Sikutarajia kitu, nilifikiri ni monasteri tu ya mawe. Bandugu, pale njo nilibaki kinywa wazi. Mufalme João wa Kwanza alishinda bajeshi ba Castilla, upande wa Hispania, tarehe 14 mwezi wa nane 1385 pale karibu, Aljubarrota, na akajengea Bikira Maria ile nyumba kama shukrani, kazi ikachukua zaidi ya miaka mia moja na hata hivyo kuko shapeli ambazo hazikupata paa mpaka leo, unasimama ndani unaangalia mawingu. Mawe yamechongwa kama kitambaa. Mufalme na bibi yake Filipa banalala pamoja juu ya kaburi na mikono yao imeshikana. Muingie hata kwenye zile sehemu za kulipa. Ajansi ilisema kila kitu kiko ndani ya bei, kumbe tiketi ya Batalha haikuwa ndani, tulilipa pale pale. Si feza mingi, lakini ingepaswa kusemwa mbele.

Kitu kilinishika ni makaburi mengine. Mutoto wa yule mufalme, Henrique, njo yule alituma mameli kushuka pwani ya Afrika, iko pale. Na João wa Pili iko pale pia, njo mufalme ambaye alimutuma Diogo Cão, yule aliyefika kwenye mudomo wa muto Kongo karibu mwaka 1483. Sisi batu ba mashariki tunasoma hiyo shuleni kama vile ni mambo ya Bakongo ba Bas-Congo, lakini jina la inchi yetu yote linatoka kwenye ile hadisi. Gide alikuwa anaeleza bahari, ramani, ushujaa, na nikamuuliza: na batumwa? Alisimama kidogo. Kisha akasema wazi kwamba mwaka 1444 kule Lagos, kusini mwa Ureno, batumwa Baafrika baliuzwa mbele ya huyuhuyu Henrique, na yeye alichukua sehemu yake. Akasema batalii bengi habaulizi. Nikamuongezea mufalme wetu wa Kongo ya zamani, Afonso Mvemba a Nzinga, ambaye mwaka 1526 aliandikia mufalme wa Ureno barua kumulalamikia vile batu bake banaibwa na kuuzwa. Ile alikuwa haijui vizuri, akaandika jina kwenye simu yake. Tulisali pale pia, juu ya bale bote. Naheshimu sana gide ambaye haogopi swali.

Na kuko chumba kingine, askari babili banalinda kaburi la askari basiojulikana, maiti mbili tangu 1921, moja ilitoka Flandre na ingine ilitoka Afrika, Msumbiji, kwenye vita ileile ya Bajerumani ambayo Force Publique, jeshi la Babeljiki kule Kongo, ilipiganisha kutoka upande wetu wa Kivu mpaka ikakamata Tabora mwaka 1916. Bazee betu babeba mizigo habana kaburi la marbre. Nilisimama pale murefu.

Nazaré sasa, pwani. Kwenye picha za ajansi unaona mawimbi marefu kama jengo, na ni ya kweli, mwaka 2020 Mujerumani Sebastian Steudtner alipanda moja ya zaidi ya metre 26, juu chini ya bahari pale kuko bonde refu sana linafika kina cha karibu metre 5,000 na linasukuma maji yote upande moja. Lakini ile ni kutoka mwezi wa kumi mpaka wa tatu hivi. Sisi tulienda wakati wa joto, bahari ililala tuli kama ziwa Kivu asubui. Ajansi haikusema. Mama yeye hakujali mawimbi, alitaka paka kupanda juu Sítio, kwenye mwamba wa metre 110 hivi, kuona Bikira Maria wa Nazaré, sanamu ndogo ya muti, uso mweusi, Mutoto ananyonya. Inasemwa kwamba mwaka 1182 bwana moja Fuas Roupinho alikuwa anafukuza mnyama na farasi kwenye ukungu, akafika kwenye ukingo, akamuita Mama Maria na farasi ikasimama palepale. Ile shapeli ndogo ya kumbukumbu iko kwenye ukingo wenyewe. Macho ya mama yalikuwa yamekwisha kujaa machozi tangu asubui, hapa alicheka, anasema kumbe hata huku anafanana na sisi.

Chini kwenye muchanga bamama ba pale bananika samaki kwenye jua juu ya nyavu, kabisa vile kwetu bananika sambaza, wale samaki badogo ba ziwa. Na chakula: ombeni bacalhau. Ni makayabu yetu, samaki wa chumvi! Wao banaitengeneza na krème ao na mayai na viazi, ile ya krème ilikuwa tamu, chumvi imetolewa vizuri, shangazi alikula yake na nusu ya yangu. Restora gide alituchagulia si ile ya batalii mbele ya bahari, ilikuwa kwenye njia ya nyuma, bei ya kawaida. Pilipili yao ni dogo, beba yako.

Óbidos tulipita haraka. Muji muzuri ndani ya ukuta, nyumba nyeupe, mufalme Dinis alimupa bibi yake Isabel kama zawadi ya ndoa, kuko kanisa ya zamani bamegeuza kuwa duka la vitabu. Banauza kapombe ka cherry kwenye kikombe cha shokola, unakunywa na unakula kikombe. Juu ya ukuta unaweza kutembea lakini hakuna kitu cha kushikilia upande wa ndani, musipandishe bazee ao batoto. Sikusikia uchungu kuikata.

Mukitaka kufanya vizuri kuliko sisi, muandikieni ajansi kabla ya kulipa: Óbidos itoke, butiki itoke, Aljustrel iingie, na gari ibaache Fatima mulale usiku moja. Juu kutoka Pasaka mpaka mwezi wa kumi kuko maandamano ya mishumaa kila usiku saa tatu na nusu, na sisi saa ile tulikuwa tayari Lisbon hotelini, na mama mpaka leo anaiongelea. Kutoka Lisbon kuko pia basi ya kawaida mpaka Fatima, ni feza kidogo, munaweza kwenda nayo na kukodi gari ya peke yenu kwa Batalha na Nazaré kesho yake. Na kama munataka tarehe 12 na 13 mwezi wa tano, ile ni siku ya batu balioenda na miguu kutoka kila kona ya Ureno, vyumba vinaisha mapema sana, tafuteni hoteli kwanza kisha visa.