Mvinyo wa Dodoma au wa Afrika Kusini kwa duka la Tabora?

Kwa bei, Dodoma inashinda. Chupa haijapita bandarini wala forodhani, na reli ya kati inayopita huko ilishafika Tabora tangu 1912. Wa Afrika Kusini unafuata dola: ikipanda, na wewe unapandisha. Ila wageni wa hoteli na harusi za wenye nazo huulizia lebo wanayoijua, na hapo faida kwa chupa ni nono.

Kasheshe ni utunzaji. Joto la Oktoba halichagui nchi. Chupa yenye kizibo cha gome ilaze, kisikauke kikapitisha hewa. Ya kifuniko cha kuzungusha isimame tu, mbali na dirisha.

Mtaji mdogo, wateja wa baa? Dodoma. Una stoo ya ubaridi na oda za hoteli? Agiza vya nje pia.