Taulo nimelipenda, muuzaji sitamsahau

Nianze na muuzaji, maana taulo lenyewe ningeweza kulisamehe.

Nilimwandikia kwa adabu kabisa. Nikamsalimia, nikamweleza kwamba taulo lake la kukaushia gari limeacha kunyonya maji na kwamba boneti yangu ina mikwaruzo ambayo haikuwepo. Nikamtumia na picha tatu nilizopiga juani. Akanyamaza karibu siku nzima. Jioni ndipo akajibu, mstari mmoja tu: "Dada, muulize anayekuoshea gari, yeye ndiye anajua alilifanyia nini."

Anayenioshea gari! Anayeosha hilo gari ni mimi. Wa kubeba ndoo ni mimi, wa kuburuta mpira wa maji ni mimi, wa kuchutama kusugua rimu mpaka kiuno kinagoma ni mimi. Nikamjibu hivyohivyo, kwa maneno yasiyo mbali na hayo. Akanirudishia kidole gumba. Yaani mtu nimemwandikia aya nzima, ananiletea kidole gumba.

Kwa hiyo mjue mapema kwamba haya ninayoandika yana hasira ndani yake. Anayetaka kujua taulo lina gramu ngapi kwa mita ya mraba, polyesta asilimia ngapi na poliamidi asilimia ngapi, asome pakiti, imeandikwa kwa herufi za kuonekana ng'ambo ya barabara. Mimi nina shida na ambalo halikuandikwa.

Gari langu ni jeusi. Mwenye gari jeupe au la fedha anaweza kulifuta hata kwa fulana ya zamani na akaenda zake akiimba. Gari jeusi halifichi siri. Ukiacha maji yakauke yenyewe, hasa kama maji yenu ni ya chumvi, unabaki na viduara vyeupe mlango mzima, chokaa iliyoachwa nyuma maji yalipopaa. Ukilifuta kwa kitambaa kibovu, subiri jua lipige: unaona mistari myembamba inazunguka taa kama utando wa buibui. Nimepita kwenye mataulo ya kuogea yaliyochoka, nikapita kwenye fulana, nikapita kwenye kile kitambaa kinachouzwa kwenye kopo kikiwa bado kibichi, ambacho ukikisahau kwenye buti wiki moja unakikuta kimekauka kama ngozi ya ngoma. Hicho kinanyonya, sikikatai. Lakini kimelala bapa, hakina manyoya ya kumeza chembe ya mchanga, kwa hiyo chembe ikibaki kwenye bodi unaiburuza nayo kuanzia mwanzo hadi mwisho.

Ndiyo maana hili la maikrofaiba liliponifikia nilikuwa tayari kulipenda. Ni kubwa, la kumfunika mtoto aliyelala, na uso wake si wa manyoya mafupi kama mengine. Nyuzi zake zimesokotwa moja moja, zinaning'inia kama rasta fupi. Siku ya kwanza nililitandaza juu ya paa la gari, nikashika ncha mbili, nikalivuta kuja kwangu polepole bila kulikandamiza hata kidogo. Nilipoinua macho paa lilikuwa kavu. Si kavu la kusema ngoja nirudie, kavu kabisa, unajiona sura. Nikaenda vioo, nikaenda boneti, nikaenda milango, nikamaliza gari zima bila kukamua. Nilicheka peke yangu. Jirani alipita akaniuliza kuna nini, nikamwonesha paa, akasema "haya" akaenda zake. Watu wengine hawajui kufurahi na wenzao.

Wiki kadhaa tuliishi vizuri hivyo. Hata namna yangu ya kuosha ilibadilika. Nilianza kuhamishia gari kivulini kwanza, nikawa ninachomoa bunduki ya maji mwishoni na kuacha mpira utiririke wenyewe juu ya bodi, maji yashuke kama shuka moja na kubeba matone mengine. Ukifanya hivyo kwenye gari lililopakwa nta, taulo linabakiwa na kazi ndogo sana.

Halafu likageuka.

Sikumbuki ilikuwa Jumapili ipi. Nililitandaza juu ya boneti kama kawaida, nikalivuta, na maji yakatangulia mbele yake. Hayakuingia ndani, yalisukumwa, kama unasukuma maji kwa ufagio. Nikalirudisha, yakarudi nalo. Nikalikunja nikakandamiza kwa kiganja, likaacha michirizi. Nikakandamiza zaidi, kwa hasira, nikazungusha mkono kama ninayesugua sufuria. Na hapo, nakiri kwa kinywa changu, ndipo nilipolikosea gari langu.

Kesho yake asubuhi jua lilipoingia pale ninapoegesha, niliona. Upande wa kulia wa boneti kulikuwa na mistari minne mitano iliyopinda, inaenda sambamba, upana wa mkono wangu unapozunguka. Nikapitisha kucha, kucha haikukwama, kwa hiyo ni klia tu iliyoguswa, ile tabaka ya uwazi inayolinda rangi. Lakini hiyo klia yenyewe kwa kawaida ni nyembamba kuliko unywele. Kila ukiipolishi kufuta mikwaruzo unaipunguza, na ikiisha imeisha, unarudi kwa mpiga rangi.

Ndipo nikamwandikia yule bwana. Ndipo akaniambia nimuulize anayenioshea gari.

Sasa mimi nikiudhiwa nakuwa mpelelezi. Nikachukua CD ya zamani isiyo na kazi, nikaifuta vumbi, nikaisugua upande wa kung'aa kwa taulo lenyewe, katikati, kwa nguvu za kawaida. Nikaiinua kwenye taa. Hakuna kitu. Nikasugua kwa pindo. Hakuna kitu, pindo limevikwa kitambaa laini, hapo wamejitahidi. Nikasugua kwa kona yenye lebo. Lo! Mistari. Myembamba, imepinda, inafanana na ile ya boneti kama pacha. Lebo ni kipande cha plastiki ngumu kimeshonwa kwa uzi mgumu zaidi, kimechongoka ncha, kimebandikwa kwenye kitu ambacho kazi yake yote duniani ni kugusa rangi bila kuikwaruza. Na imeandikwa nini hiyo lebo? "Salama kwa rangi." Nikampigia picha CD, nikamtumia. Hakujibu. Kidole gumba hata hicho sikukipata.

Ningeishia hapo, nyota moja, tukutane mahakamani. Tatizo ni kwamba lebo ilieleza mikwaruzo, haikueleza kwa nini taulo liliacha kunywa maji. Lebo ilikuwepo siku ya kwanza pia.

Nikadondosha tone moja la maji juu yake likiwa kavu. Tone likakaa. Likasimama juu ya nyuzi duara, linang'aa, kama umande juu ya jani la yungiyungi. Nikahesabu mpaka thelathini, bado limekaa. Nikainamisha uso nilione vizuri, na hapo ndipo pua yangu ikanieleza jambo ambalo ubongo ulikuwa umekataa kulitaja.

Taulo lilikuwa linanukia maua.

Mnajua kilichonukia. Kile kilainishi cha nguo, ile chupa ya waridi inayokaa juu ya mashine ya kufulia, ambayo namimina bila kufikiri kila nikifua mashuka. Nilikuwa nimelifua taulo la gari pamoja na mataulo ya kuogea, maji ya moto, kilainishi kifuniko kimoja na nusu. Kila wiki. Kwa mkono wangu mwenyewe. Kilainishi kinafanya kazi kwa kuvika nyuzi utando laini wa mafuta mafuta, ndiyo maana shuka linateleza. Lakini maikrofaiba inanyonya kwa sababu nyuzi zake ni nyembamba mno na katikati yake kuna nafasi ndogo ndogo zinazovuta maji. Ukizipaka ule utando, maji hayashiki tena. Na yale mataulo ya pamba yalikuwa yameliachia vumbi lao, nyuzi zimejaa vijipamba vyeupe ambavyo niliwahi kuviona kwenye kioo cha mbele nikadhani ni uchafu wa hewani.

Kwa hiyo "anayekuoshea gari ndiye anajua alilifanyia nini" ilikuwa kweli. Hili limeniuma kuliko mikwaruzo. Yaani alinidharau, akapatia kwa bahati. Hakuuliza nalifuaje, hakuuliza chochote. Alisikia jina la kike akaamua kuna mwanamume fulani mwenye ndoo. Angeniuliza swali moja tu, "Dada, unatumia kilainishi?", ningeona aibu, ningemshukuru, na leo ningekuwa ninamsifu hapa mpaka mchoke.

Na kwa nini pakiti haisemi? Nafasi ya kuandika gramu ipo, nafasi ya kuchora gari la mashindano ipo, ila "usitumie kilainishi" hapana. Nimeigeuza pakiti mara tatu, ndani na nje.

Kulifufua kulichukua siku mbili. Nililoweka usiku kucha kwenye maji ya vuguvugu yenye sabuni kidogo ya maji isiyo na kilainishi, nikalifikicha, nikalisuuza. Tone: limesimama. Nikarudia, safari hii maji ya kusuuza nikayatia siki nyeupe kidogo. Tone: likasita, likazama nusu. Mara ya tatu nikalisuuza mpaka maji yakawa hayana hata povu moja, nikalianika kivulini kwenye upepo, maana joto kali la mashine ya kukaushia huziharibu hizi nyuzi, ni plastiki baada ya yote. Tone: likatua, likatoweka kabla sijatamka moja. Nilipiga makofi jikoni.

Lebo nayo nikaikata kwa mkasi, nikafanya kosa jingine. Mkasi uliacha kisiki kifupi kigumu, kibaya kuliko lebo nzima. Nikakaa na sindano na wembe nikitoa mshono uzi baada ya uzi, karibu nusu saa, nikimlaani mtu fulani kila uzi. Nilipomaliza nikarudi kwenye CD upande uliobaki safi, nikasugua ile kona. Kimya. Safi.

Sasa lina ndoo yake peke yake na halikutani na pamba. Likianguka chini, hata kwa sekunde moja, halirudi kwenye bodi siku hiyo, linaenda kufuliwa; milango kwa ndani na rimu zina kitambaa chao cha kuzeeka nacho. Juzi nimelitumia tena. Paa, mkono mmoja, kavu. Boneti, kavu. Nikafungua na kufunga milango ili vioo vya pembeni viteme maji yaliyojificha, maana hivyo vina tabia ya kukusubiri umalize ndipo vilie, nikavigusa na ncha, kavu. Sijawahi kuwa na kitu cha kukaushia gari kinachokaribia hiki. Naandika hili huku nimeuma meno.

Nyota nilikuwa nimepanga kutoa nne kwa taulo na sifuri kwa muuzaji, lakini mfumo hauna mahali pa kutenganisha. Nikaweka tatu. Kisha nikatoka nje kuchukua simu niliyoisahau kwenye gari, jua lilikuwa linazama, na mistari yangu mitano ikanikonyeza pale kwenye boneti. Nikarudi nikaweka mbili. Jana akanitumia ujumbe, bila shaka anautuma kwa kila mtu: "Mpendwa mteja, umeridhika na bidhaa zetu? Tupe nyota tano." Nikaweka moja.

Shida ni kwamba gari zima linahitaji mataulo mawili, moja la kupitisha mwanzo na la pili la kumalizia unyevu, na nimezunguka kutafuta lenye nyuzi zilizosokotwa namna ile kwa muuzaji mwingine, sijalipata. Kwa hiyo leo asubuhi nimeagiza la pili. Kwake. Kwenye nafasi ya jina la mpokeaji nimeandika: Anayeosha Gari.